Mwaka wa Kikombe Kimoja

Ungefika Sinza miaka ile ukauliza yuko wapi yule mwanamke wa kuchapa barua, mwenye mdomo, ungeletwa mpaka mlangoni kwangu. Nilikuwa na chumba kimoja cha mbele, ubavuni mwa baa, na nyuma yake ndiko nilikoishi. Nilikuwa na meza mbili, taipureta niliyoondoka nayo siku shirika letu la umma lilipouzwa na sie tukapunguzwa, na kompyuta moja ya mtumba niliyoivika kitambaa cha kufuma kama bibi harusi. Nilichapa barua za kuomba kazi, kadi za harusi, mikataba ya kupanga nyumba. Wateja wangu wengi walikuja asubuhi. Ikifika alasiri chumba kinapoa, na hapo ndipo mchezo unapoanza.

Mchezo wenyewe niliukuta humo humo ndani ya kompyuta. Aliyeitumia kabla yangu, sijui nani huko Ulaya, alisahau kuufuta. Ulikuwa ni bahari na visiwa vingi, na kila mchezaji na rangi yake, bandari zake na meli zake. Unafanya biashara, unajenga maghala, unavizia bandari ya mwenzio. Tukauita Visiwa, basi. Ulishakuwa mzee hata siku tuliyoupata. Fundi wangu wa kompyuta aliniambia kwamba waliouunda walikwishahamia kwenye mambo mengine, hakuna tena anayeujali duniani. Nikamwambia, sie tunaujali, tena sana.

Walicheza watu wanne. Kulikuwa na Mpemba mwenye duka la rejareja mkabala na mimi, rangi yake nyekundu, mtu wa vidole vyepesi na maneno mengi. Kulikuwa na Mwalimu wa jiografia, mtu wa Bukoba, mwenye kuvaa tai hata Jumapili, yeye bluu. Kulikuwa na mama muuza maandazi, njano, ambaye aliaminika kuwa mpole mpaka siku alipochoma bandari tatu za Mwalimu kwa mkupuo huku anamwambia "samahani mwalimu wangu." Wa nne alikuwa baba yangu mzazi, kijani. Mie mwenyewe sikucheza. Mie nilikuwa mwenye nyumba na mwenye kuwasema.

Kila mtu alikaa kitini mwaka mmoja, yaani mwaka wa mchezo. Kulikuwa na jua dogo juu ya skrini lililotembea kutoka upande huu hadi upande ule, likifika mwisho mwaka umekwisha, inuka, mpishe mwenzio. Meli za wenzio zilizokwisha kuamriwa ziliendelea na safari zao wakati wewe umekaa, kwa hiyo ukizubaa unaweza kuona bandari yako inaungua mbele ya macho yako. Lakini kompyuta yangu ile ilikuwa inafikiri polepole kama karani wa mahakama, na jua lilichukua muda wa kunywa kikombe kizima cha kahawa, na kashata juu yake. Ndivyo tulivyopima. Mtu akiuliza zamu yangu lini, anajibiwa, baada ya vikombe viwili.

Sasa nimseme Baba. Alikuwa fundi cherehani Tanga, fundi hasa, wa kanzu na suti. Kiharusi kikampiga. Mkono wa kulia ukalala, mguu ukawa wa kuburuta, ulimi ukawa mzito, maneno yakawa yanatoka yamevutika. Nikamleta kwangu. Katika siku za mwanzo alitoka mwenyewe kwenda kununua mkate duka la barabara ya pili, na kwa kuwa eneo letu lilijaa mabaa, muuzaji alipomsikia akamwambia, "Mzee, kalale kwanza, pombe ikikutoka urudi." Baba yangu! Mtu ambaye hata togwa iliyochacha hajapata kuionja! Akarudi bila mkate, akakaa kitandani, akafunga mdomo.

Na alipoufunga, aliufunga kweli. Akitaka maji ananyoosha kidole. Akitaka chumvi anagonga sahani. Daktari alikuwa amenieleza wazi kwamba ulimi usipofanya kazi utazoea kulala, na ukizoea hautaamka tena, kwa hiyo nimzungumzishe. Nikamzungumzisha mpaka koo likanikauka. Niliuliza maswali, nikasimulia umbea wa mtaa mzima, nikamchokoza kwa kuisifu Simba mbele yake, yeye Yanga wa damu. Aliniangalia tu. Jamani, mtu mwenye mdomo kama wangu kuishi na baba asiyejibu ni adhabu, na usiku nilikuwa nalala nikiwa na hofu kwamba sauti ya baba yangu nimekwishaisikia mara ya mwisho na wala sikumbuki ilisema nini.

Kwa hiyo alipovuta kiti siku moja akaanza kuwatazama wanaocheza, nilimshukuru Mungu. Alitazama siku kadhaa. Kisha akaihamisha mausi upande wa kushoto, akakaa. Kwa mkono wa kushoto alikwenda taratibu, lakini kikombe cha kahawa kilimtosha. Aliwapiga wote. Mpemba alilalamika mpaka adhana ya magharibi. Baba hakusema neno, ila nilimwona anatabasamu kwa ule upande mmoja wa mdomo. Nilijiambia, haidhuru, hasemi, lakini yumo. Mambo yakawa mazuri hivyo kwa muda mrefu.

Kilichotuvuruga ni maendeleo. Soko huria lilileta kompyuta mpya kila kona, na makatibu muhtasi wa mjini wakaanza kuniletea disketi ambazo kompyuta yangu ilizitazama kama mgeni asiyejua lugha. Ningefanyaje? Kazi ni kazi. Nikanunua mpya, ya zamani fundi akaifungua akauza vipande vyake, na Visiwa akauhamishia kwenye hiyo mpya. Tukakusanyika wote wanne na mie wa tano. Fundi akabonyeza. Skrini ikawa nyeusi, ikatoa mstari mmoja wa maneno, ikarudi ilikotoka.

"Haupatani na mfumo mpya," fundi akasema. "Unahitaji pachi."

Pachi maana yake kiraka. Sie tukaita kiraka, na Baba, mtu wa sindano na uzi, aliitikia kwa kichwa kuonyesha kwamba hilo ameelewa. Fundi alikiomba kwa jamaa yake fulani wa mjini, akaja nacho kwenye disketi, akakishona humo. Mchezo ukafunguka, rangi zote, muziki wake ule wa kulialia, tukapiga makofi kama tumemaliza mfungo. Mpemba akakaa wa kwanza. Jua likatoka upande huu na, yallah, likawa limeshazama upande wa pili. Ule mchezo, kumbe, ulikuwa hauna saa yake. Ulikimbia kwa kadiri kompyuta inavyokimbia, na hii mpya ilikimbia kama inadaiwa. Kahawa yangu nilikuwa bado sijaipuliza.

"Haraka haraka haina baraka," Mwalimu akasema.

"Ngoja ngoja huumiza matumbo," Mpemba akamjibu, macho yanawaka, kwani yeye kwa vidole vile tayari alikuwa amewahi kupakia meli mbili.

Zamu ya Baba ilipofika, mwaka uliisha kabla mshale haujafika bandarini kwake. Ukaja mwingine, vile vile. Kijani kikaanza kupungua kwenye ramani, kisiwa kimoja kimoja.

Wenzake walimhurumia, na katika kumhurumia wakafanya jambo ambalo nikilikumbuka hadi leo nacheka peke yangu jikoni. Nilikuwa nimekwenda Kariakoo kununua karatasi. Kurudi, nakuta mlango umefungwa, madirisha yamefungwa, feni imezimwa, na ndani joto la kuokea mkate. Watu wazima wanne wamelowa jasho wameizunguka kompyuta yangu, wameifunika kwa kanga mbili na blanketi langu la kitandani. Baba ameshika pindo moja.

"Mnafanya nini humu?" nikauliza.

Mwalimu, mtu mwenye cheti, akanijibu bila hata kupepesa jicho: "Tunaichosha."

Rai ilikuwa ya mama wa maandazi. Alisema hata yeye jua likiwa kali unga anaukanda polepole, kila kiumbe cha Dar kwenye joto kinapunguza mwendo, kwa nini hii iwe tofauti? Basi wakainyima feni. Nikauliza, haya, imechoka? Wakaangaliana. "Imezimika," mama wa maandazi akasema kwa sauti ndogo. Loo! Siku ile niliwasema mpaka wapita njia wakasimama. Nikawatoa wote nje, blanketi langu nikalianika, na kompyuta ikakaa imekufa mpaka kesho yake ilipopoa ikaamka yenyewe, na kasi yake ile ile.

Fundi akaja na kiraka cha pili. Hiki kazi yake ilikuwa kuifunga kompyuta breki. Na breki ilifunga kweli, jua likarudi kutembea kwa adabu, Baba akapata bandari yake moja. Tatizo breki haikuchagua. Asubuhi nikaja kuchapa kadi ya harusi, napiga herufi, inatokea wakati nimeshasahau niliipiga. Printa ikatoa jina la bwana harusi, ikapumzika. Shangazi wa bibi harusi amesimama hapo anatikisa mguu ananiuliza kama na harusi nayo isogezwe mbele. Nilikitoa kile kiraka siku hiyo hiyo. Nisingeweza kula Visiwa.

Basi kundi likavunjika, polepole kama vile pindo linavyofumuka. Mwalimu alisema huu si mchezo wa kufikiri tena ni wa kudonoa, akaaga kwa heshima zake zote. Mama wa maandazi akawa anapita tu, anatuachia maandazi, anaendelea na safari. Baba akachukua benchi dogo akalitoa nje, akakaa akiangalia barabara, mgongo kwenye mlango wangu. Chakula akawa anaacha nusu. Nikikaa naye pale nje namuuliza hili na lile, ananyoosha kidole kwenye gari, kwenye kuku, basi. Roho iliniuma. Niliilaani ile kompyuta mpya na hela yake na kiwanda kilichoitengeneza.

Kama kungekuwa na mtu wa kubaki na raha, angekuwa Mpemba, maana yeye ndiye aliyeuweza mwendo ule. Lakini alikuwa anacheza na visiwa vitupu. Siku moja aliinuka kitini akasema kushinda namna hii ni kama kula wali mkavu, akatoka nje, akachuchumaa mbele ya benchi la Baba.

"Shikamoo mzee."

Baba akainua mkono wa kushoto, ndiyo marahaba yake hiyo.

"Mzee, mie nimekuja kukuazima mkono. Huu hapa. Wewe utasema, wenyewe utafanya. Ukiuambia unichome mie mwenyewe, wallahi utanichoma."

Baba akatikisa kichwa, hapana. Akaonyesha mdomo wake kwa kidole. Mie nilikuwa mlangoni nasikia. Mpemba akasema, "Mdomo nimeuona, mzee. Mie nimezaliwa kisiwani, hapa mjini kila nikisema wananicheka ninavyosema, na bado nauza sukari." Akamshika kwapa, akamwinua, akamwingiza ndani, na mie nikajifanya natafuta wino.

Wakakaa viti viwili. Mwaka ukaanza. Mkono wa Mpemba uko juu ya mausi, umetulia tuli. Meli nyekundu, za Mpemba mwenyewe, zikawa zinaisogelea bandari ya kijani. Baba akamgusa bega, akaonyesha skrini kwa kidole.

"Huko wapi, mzee? Mie mkono tu, mkono hauna macho."

Jua likazama, bandari ikaungua. Mwaka wa pili, hivyo hivyo. Nilitaka kumwambia Mpemba amwache, ukatili gani huu, nikaona Baba amekunja uso, shingo imemsimama, jasho kwenye paji. Mwaka wa tatu meli zikaja tena kwa bandari ya mwisho, ya mwisho kabisa, na kutoka kifuani mwa baba yangu likatoka neno, limepinda lakini zima:

"Kata!"

Na Mpemba akakata. Alizipitisha meli za kijani katikati ya zake mwenyewe, akazitawanya, akapiga kelele za furaha kama aliyeshinda, na hali ndiye aliyepigwa. Mie niliingia jikoni nikalishika beseni, sijui nilitaka kulifanyia nini.

Kasi ile haikuruhusu sentensi. Baba akachukua maneno ya kazi yake, mafupi, yaliyokuwa ulimini kwake miaka yote. Kata ni kushambulia. Pinda ni kuzunguka kisiwa. Bana ni kujenga ngome. Fumua ni kuiacha bandari. Piga pasi, hilo sina haja ya kulieleza, Mpemba mwenyewe alilichukia kwani lilikuwa la kuziunguza bandari zake. Akili ya mzee na vidole vya Mpemba, kijani kikarudi kwenye ramani. Na ikifika zamu ya nyekundu, Mpemba alicheza peke yake na Baba akageuza kiti asione, ili asije akaambiwa ameiba siri.

Habari zikamfikia Mwalimu. Alikuja "kusalimia tu", tai shingoni, na jioni ile ile alikuwa amekaa kando ya mama wa maandazi, yeye mdomo, mama mkono, maana mikono yenye kukanda unga kila alfajiri ilikuwa na kasi ambayo hakuna mtu aliyeishuku. Walikuwa wanagombana kama mtu na mkewe. Vijana wa baa wakasikia, muuza kahawa naye akatua birika lake, na wote wakataka wenza. Sasa ukicheza Visiwa kwangu ni lazima mwe wawili, mmoja wa kusema na mmoja wa kutenda. Chumba kilichokuwa cha watu wanne wanaokunywa kahawa kimya kikawa na makelele ya mnada. Nilipiga kelele wapunguze kelele. Nilikuwa na furaha, niseme ukweli, furaha ya kunenepesha.

Ila palikuwa na mfupa kooni. Nyumbani Baba hakusema kitu. Pale kitini anatoa kata, pinda, bana, tena siku hizi anaongeza "upesi" na "mjinga wewe". Akirudi mezani kwangu, anagonga sahani kwa chumvi. Nilimwonea Mpemba wivu, mie binti wa kuzaliwa! Siku moja nilimwambia Baba kwa hasira, hivi mie ni lazima niwe bandari ndipo nisemeshwe? Akaniangalia kwa huzuni, akala.

Ndipo fundi akaja, alasiri moja chumba kimejaa, na disketi mpya mkononi ameinua juu kama kombe. Kuna mtu, huko mbali kabisa, akasema, ambaye naye anaupenda mchezo huu, amekaa akatengeneza kiraka cha haki. Hakifungi breki kompyuta, kinaupa mchezo saa yake wenyewe. Barua zangu zitakwenda mbio, na jua la Visiwa litatembea kama zamani.

"Kikombe kizima?" Mwalimu akauliza.

"Kikombe na kashata."

Makofi. Mwalimu alikwishaanza kuvuta kiti chake cha peke yake. Na mie, niliyekuwa nimezilaani zile mbio kwa kila jina, nilijikuta nimesimama kati ya fundi na kompyuta, sijui niseme nini, kwa mara ya kwanza tangu nizaliwe. Nilikuwa najua tu kwamba jua likitembea taratibu, mkono wa kushoto wa Baba utatosha. Hatamhitaji mtu. Atacheza kwa raha zake, atashinda, na hatafungua mdomo tena. Nilisema, "Ngojeni kwanza." Wakaniuliza, ngoja nini.

"Tumuulize mzee," Mpemba akasema. "Yeye ndiye aliyeonewa na kasi hii."

Wote wakamgeukia. Baba aliinama, akafuta mdomo kwa leso, kama afanyavyo kabla ya kutoa neno. Hakumwangalia fundi, aliniangalia mie.

"Arudishe... mfukoni," akasema. Kila neno lilivutika, na alilingoja lifike ndipo akaliendea jingine. "Ule wa zamani... nilikuwa nacheza. Huu... nazungumza."

Fundi akairudisha disketi mfukoni.

"Na wewe mama," Baba akaendelea, bado ananitazama, "acha kulia. Wateja wanakuona."

Kweli nilikuwa nalia, na kweli walikuwa wananiona.